Jumba la Maduka la Donholm: Bei ni Moja, Thamani ni Nyingine

Najua wengi wenu mkifungua gazeti hili la chama chetu cha Kiswahili hutafuta kwanza ukurasa wa vichekesho na mashairi ya mapenzi. Leo tafadhali nipeni dakika chache. Nataka tuzungumze habari ya pesa, tena pesa zilizo karibu nasi kabisa, hapa hapa Eastlands.

Nani asiyelijua jumba la maduka la Greenspan kule Donholm? Wanafunzi wa shule hii, hasa sisi wa kutwa tunaotoka Umoja, Savannah, Kayole na Fedha, tumelizoea kama tulivyozoea matatu. Wikendi watu huenda huko kununua unga, wengine huenda kupunga upepo tu na kutazama vitu vya vioo. Sasa hebu niulize: mwenye jumba lile ni nani? Nimewauliza vijana wenzangu darasani. Mmoja alisema ni la tajiri fulani wa Kihindi. Mwingine aliapa kwamba ni la mkubwa fulani serikalini, akataka hata kututajia jina. Wote walikisia tu.

Ukweli ni kwamba tangu mwisho wa mwaka wa 2015 jumba lile lilinunuliwa na mfuko uitwao Fahari, na mfuko huo ulikuwa mali ya maelfu ya watu. Walimu, mabenki, mifuko ya pensheni, na raia wa kawaida walionunua vipande vyao kwa simu ya dalali wa hisa. Yaani huenda ulipokuwa ukinunua aiskrimu pale, mwalimu wako alikuwa ni lendilodi wa duka hilo na wala hakusema!

Mfuko wa namna hii wataalamu huuita riti. Wacha niueleze kwa mfano wa ploti. Pale Kayole kuna ploti za orofa nne au tano, kila orofa vyumba kadhaa. Mwenye ploti hukusanya kodi kila mwezi, hulipa msimamizi, hulipa maji na stima ya ngazi, hutengeneza paa, na kinachobaki ni chake. Sasa fikiria ploti hiyo ni kubwa mno hata hakuna mtu mmoja awezaye kuinunua. Watu wengi wanachanga. Kila aliyechanga anapewa vipande kulingana na pesa zake. Wanaajiri meneja wa kuendesha jengo, na juu yake wanaweka mdhamini wa kushika hati za nyumba ili meneja asije akaziuza usiku watu wamelala. Kwa Fahari, mdhamini huyo alikuwa ni Benki ya Ushirika.

Sheria za Kenya kuhusu mifuko hii zilitolewa mwaka wa 2013, na msimamizi wake ni Mamlaka ya Masoko ya Mitaji. Mbili kati ya sheria hizo ni lazima uzijue, kwa sababu bila hizo hesabu zetu za mbele hazitasimama. Kwanza, mfuko wa kodi lazima ugawie wenye vipande angalau asilimia 80 ya mapato yake halisi. Hauruhusiwi kukalia pesa. Pili, hauwezi kukopa ovyo. Mkopo wake una kiwango, nacho ni asilimia 35 ya mali yote. Kwa hivyo riti si kama kampuni ya simu ambayo inaweza kubakisha faida ikajenga milingoti mipya. Riti ni mkusanyaji kodi. Inapokea, inatoa gharama, inagawa.

Basi tuingie katika kisa chenyewe.

Mwezi wa Oktoba mwaka wa 2015 Fahari, wakati huo ikiitwa Stanlib Fahari, iliuzwa kwa umma. Kila kipande kilikuwa shilingi 20. Wenyewe walitaka kukusanya hadi shilingi bilioni 12.5. Walipata bilioni 3.6. Hata theluthi haikufika! Mnamo tarehe 26 Novemba 2015 vipande hivyo 180,972,300 vikaanza kuuzwa katika Soko la Hisa la Nairobi, na hii ikawa riti ya kwanza kuorodheshwa katika soko hilo.

Kwa nini watu hawakununua? Watu husema Wakenya hawakuielewa, na pengine ni kweli. Lakini mimi naona wengi walielewa vizuri sana. Mwezi ule ule wa Oktoba 2015 serikali ilikuwa na njaa ya pesa, ikawa inalipa riba ya zaidi ya asilimia 20 kwa mwaka kwa hati za Hazina za siku 91. Sasa wewe uwe na elfu ishirini zako. Upande huu serikali inakuambia, nikopeshe miezi mitatu, nitakulipa kwa kipimo cha asilimia 20 kwa mwaka, na sijawahi kukutoroka. Upande ule mtu anakuambia, nipe nikanunue majumba, tutakusanya kodi, tutaona. Utachagua nini? Hata mtoto wa darasa la tano angejibu.

Na hapa ndipo somo la kwanza la bei lilipo. Bei ya kipande cha jumba haiishi peke yake. Daima inapimwa na kile ambacho pesa hiyo ingeweza kufanya mahali pengine. Riba ya serikali ikipanda, bei ya majumba hushuka, hata kama hakuna tofali moja lililoanguka.

Kwa zile bilioni 3.6 Fahari ilinunua Greenspan, ambayo peke yake iligharimu karibu shilingi bilioni 2, na majengo mengine mawili katika Eneo la Viwanda, yaani Bay Holdings na Highway House. Baadaye ikaongeza jengo la ofisi kando ya barabara ya Gitanga. Basi. Greenspan ndiyo iliyokuwa ng'ombe mkubwa wa boma. Hao wengine walikuwa mbuzi.

Sasa msomaji shika kalamu. Miaka ikapita. Kutoka shilingi 20 bei ya kipande ilianza kuteremka kama matatu iliyokatika breki. Kufikia miaka ya 2021 na 2022 kipande kilikuwa kikiuzwa kati ya shilingi 5 na 7 hivi. Tuseme 6. Ukizidisha 6 kwa vipande vyote 180,972,300 utapata kama shilingi bilioni 1.09. Yaani mfuko mzima, na Greenspan ndani, na majengo ya Viwandani ndani, na ofisi za Gitanga ndani, ulikuwa ukiuzwa sokoni kwa karibu nusu ya bei iliyonunuliwa Greenspan peke yake!

Nilipofanya hesabu hii mara ya kwanza nikamwonyesha mwalimu wetu wa Biashara. Akatabasamu akaniuliza, "Kwa hivyo soko lina wazimu?" Nikamwambia ndiyo, mwalimu, hii ni bei poa, ni kama kuokota. Akasema, "Haya, sasa nenda ukafanye hesabu ya pili."

Hesabu ya kwanza ni ya mali. Unachukua thamani ya majengo kama walivyoikadiria wathamini, unatoa madeni, unagawanya kwa vipande. Ni hesabu nzuri lakini ina ulemavu wake. Mthamini hanunui jengo. Anaandika ripoti. Anasema jengo hili kwa maoni yangu ni bilioni 2, anatia sahihi, anaenda nyumbani. Kama kesho hakuna mtu Nairobi aliye na bilioni 2 za kununua jumba la maduka Donholm, ile bilioni 2 ni ya karatasi. Tena mwenye vipande mia tano hawezi kwenda Greenspan na msumeno akakata mlango wake mmoja akauze. Yeye anachoweza kuuza ni kipande, na kipande kinauzwa kwa bei ya soko la leo.

Hesabu ya pili ni ya kodi. Hii ndiyo niipendayo mimi. Hapa hatuulizi jengo lina thamani gani. Tunauliza, kila mwaka kipande kinaniwekea nini mkononi? Kwa mwaka wa 2018 Fahari iligawa senti 75 kwa kila kipande. 2019, senti 75 tena. 2020, mwaka wa korona, senti 60. 2021, senti 50. 2022, senti 65. Kama ulinunua kwa shilingi 20 ukapata senti 75, hiyo ni asilimia 3.75 kwa mwaka. Hata akaunti ya akiba ya benki haiko mbali na hapo, na benki haikuletei wasiwasi wa paa kuvuja.

Tugeuze hesabu. Tuseme mimi ninataka shamba langu linipe asilimia 10 kwa mwaka, la sivyo nitapeleka pesa zangu kwa serikali. Kipande kinatoa senti 60. Ni bei gani itakayofanya senti 60 ziwe asilimia 10? Gawanya 0.60 kwa 0.10. Jibu ni shilingi 6.

Shilingi 6! Ndiyo ile ile bei ya soko. Kumbe soko halikuwa na wazimu. Wale madalali walikuwa wakihesabu kodi, si matofali.

Lakini subiri, kuna ubishi mmoja hapa, na ni wa haki. Kodi huwa haikai mahali pamoja. Mikataba mingi ya maduka huandikwa kwamba kodi itapanda kiasi fulani kila mwaka au kila baada ya miaka miwili. Ukiamini kwamba zile senti 60 zitakua kwa asilimia 3 kila mwaka, basi unagawanya kwa 10 kutoa 3, yaani kwa 0.07, na bei ya haki inaruka hadi kama shilingi 8.60. Ukiamini zitapungua, bei ya haki inashuka chini ya 6. Kwa hivyo mtu akikuambia hisa hii ni rahisi au ni ghali, usimwulize bei. Mwulize anaamini nini kuhusu kodi ya kesho.

Na kodi ya kesho ya jumba la maduka inategemea kitu kimoja kuliko vyote: supamaketi.

Tazama vile watu wanavyotembea Greenspan. Hakuna anayetoka Tassia na kupanda gari akaenda kununua kiatu kimoja katika duka dogo la ndani. Anaenda supamaketi, na akitoka na mifuko yake ndipo anapoona kiatu, ndipo mtoto analia aiskrimu, ndipo anakumbuka kutengeneza simu. Supamaketi ndiyo mama, maduka mengine ni vifaranga. Ndiyo maana wenye majumba huipa supamaketi kodi ya chini kwa kila futi, huku mwenye kijiduka cha simu akilipa kodi ya juu. Wanajua mama akiondoka vifaranga hutawanyika.

Sasa tukumbuke historia ya supamaketi za Kenya katika miaka hiyo. Uchumi iliyumba. Nakumatt, ile ya tembo, ilianguka kati ya 2017 na 2018. Tuskys ikafuata mwaka wa 2020, na Tuskys ndiyo iliyokuwa mpangaji mkuu wa Greenspan. Fikiria wewe ni mwenye vipande. Mwaka wa 2020 korona imeingia nchini, ya kwanza ilitangazwa tarehe 13 Machi. Watu wamefungiwa, wenye maduka madogo wanaomba kupunguziwa kodi, na mama yao supamaketi rafu zake zinakaa tupu. Wapangaji wanajua kuhesabu pia. Bahati nzuri Naivas ilichukua nafasi hiyo, na wateja wakarudi. Lakini kati ya mmoja kutoka na mwingine kuingia kuna miezi ya giza, na katika miezi hiyo askari analipwa, taa zinawaka, ada za kaunti hazingoji. Ndiyo maana ile senti 75 ikawa 60, ikawa 50.

Kuna sababu nyingine ambayo haisemwi sana, nayo ni udogo. Kumbuka walitaka bilioni 12.5 wakapata 3.6. Meneja hulipwa. Mdhamini hulipwa. Wathamini, wakaguzi wa hesabu, mawakili, soko la hisa lenyewe, wote hulipwa. Gharama hizi ni kama dizeli ya matatu: gari likibeba abiria kumi na wanne au wanne, dizeli ya kutoka Kayole hadi mjini ni ile ile. Fahari ilikuwa gari kubwa lenye abiria wachache. Angalia: senti 60 mara vipande vyote ni kama shilingi milioni 108.6. Pesa zilizochangwa mwanzo ni bilioni 3.6. Basi kila shilingi mia zilizochangwa mwaka ule zilirudisha shilingi tatu hivi. Na kwa kuwa sheria inalazimisha kugawa asilimia 80 na zaidi, huwezi kusema kuna pesa nyingi zilizofichwa mahali.

Haya, tuje mwaka wa 2023. Wakati huo mfuko ulikuwa umekwisha badilishwa meneja, ukaitwa ILAM Fahari, chini ya ICEA Lion Asset Management. Meneja akaleta pendekezo: mfuko utoke katika soko la wazi la hisa, ubaki mfuko wa wawekezaji wakubwa tu, wale ambao sheria inawahesabu kuwa na uwezo wa kuweka shilingi milioni 5 na kuendelea. Wale wadogo, ambao pamoja walikuwa na kama vipande milioni 36.6, yaani sehemu ya tano ya mfuko, wakaambiwa wanaweza kuuza vipande vyao kwa shilingi 11 kila kimoja. Wenye vipande walikutana mwezi wa Novemba 2023 wakapitisha. Mwezi wa Februari 2024 Fahari ikaondoka katika orodha ya soko kuu na kwenda katika jukwaa la hisa zisizoorodheshwa.

Je, shilingi 11 ilikuwa bei ya haki? Hapa ndipo sisi watatu, yaani mimi, rafiki yangu wa 3 Magharibi na mwalimu, tulipogombana kwa kipindi kizima cha mchezo.

Rafiki yangu alisema ni wizi wa mchana. Mtu alinunua kwa 20, majengo bado yamesimama, Greenspan haijahama, unampaje 11? Ana hoja. Kwa hesabu ya mali, 11 ilikuwa chini ya thamani ya majengo.

Mwalimu alisema ni zawadi. Sokoni kipande kilikuwa kama 6. Anayekupa 11 amekuongezea karibu mara mbili. Naye ana hoja.

Mimi nilirudi kwenye kodi. Senti 65 za mwaka wa 2022 juu ya shilingi 11 ni asilimia 5.9. Mwezi ule ule wa Februari 2024 serikali iliuza hatifungani ya miundombinu ya miaka minane na nusu, riba asilimia 18.46 kwa mwaka, tena bila ushuru. Shilingi 11 zikiwekwa humo zinaleta kama shilingi 2 kila mwaka. Zikibaki katika kipande zinaleta senti 65. Kwa mtu mdogo, anayehitaji pesa ya karo, na ambaye hataweza tena kuuza kipande chake kwa urahisi baada ya mfuko kutoka sokoni, naona 11 ilikuwa bei ya kuchukua na kukimbia. Kwa mkubwa mwenye subira ya miaka kumi, anayeamini riba itashuka na Donholm itazidi kujaa watu, naona ilikuwa bei ya kununulia. Bei moja, watu wawili, na wote wawili wako sawa. Rafiki yangu hadi leo hajakubali, na safu hii si yake, kwa hivyo ataandika mwakani.

Yule aliyenunua kwa 20 je? Kwa miaka mitano, 2018 hadi 2022, alipokea jumla ya shilingi 3 na senti 25. Ukiongeza 11 ni 14 na senti 25, pamoja na kidogo cha miaka ya mwanzo. Hakufika 20. Na shilingi 20 za mwaka wa 2015 si shilingi 20 za mwaka wa 2023. Muulize mama yeyote bei ya mafuta ya kupikia.

Pengine unajiuliza, mwanafunzi wa kidato cha tatu anatafuta nini katika mambo haya, na nauli yake tu ni shida? Nitakuambia.

Shangazi yangu yuko katika chama cha akina mama kumi na wanne huko Umoja. Wanauza mboga, samaki, nguo za mitumba, na kila wiki wanachanga. Wana shilingi laki mbili na elfu themanini. Mwaka huu alikuja kwao jamaa mmoja aliyevaa suti na kubeba mkoba, akasema kuna jengo la maduka katika mtaa jirani ambalo wenyewe wanaligawa kwa hisa. Jengo lina hisa milioni moja. Kila hisa shilingi 50. Mthamini, alisema, ameandika kwamba jengo ni la milioni 60, kwa hivyo akina mama watakuwa wananunua chini ya thamani. Na kila mwaka watalipwa asilimia 15. "Mnaogopa nini, mama zangu? Nyumba haitoroki."

Shangazi aliniita. "Baba, wewe si unasoma hesabu? Hebu tuangalilie hii kitu kabla hatujapeana pesa za watu."

Jumamosi nikaenda na rafiki yangu yule mbishi tukalizunguka jengo. Tulihesabu milango 32. Iliyokuwa na wapangaji ilikuwa 22. Mingine ilikuwa na kufuli na vumbi. Tukaingia kwa kinyozi, kwa fundi wa simu, na kwa mama wa chakula tukauliza kodi. Wa mbele walitaja elfu kumi na tano, wa nyuma elfu tisa au kumi. Tukachukua wastani wa elfu 12.

Sasa angalia. Milango 22 mara 12,000 ni 264,000 kwa mwezi. Kwa mwaka ni 3,168,000. Toa robo kwa ajili ya askari, maji, stima, usafi, ukarabati na ada za kaunti, inabaki 2,376,000. Gawanya kwa hisa milioni moja: shilingi 2 na senti 38 kwa hisa. Juu ya bei ya shilingi 50, hiyo si asilimia 15. Ni asilimia 4.75.

Basi tumfanyie wema jamaa. Tuseme milango yote 32 imejaa, hakuna hata mmoja aliyechelewesha kodi. Ni 4,608,000 kwa mwaka kabla ya gharama yoyote. Lakini asilimia 15 ya shilingi 50 ni shilingi 7.50, mara hisa milioni moja ni milioni 7.5. Atatoa wapi? Jengo zima likijaa pomoni, bila kulipa hata askari, halifikishi milioni tano. Njia ambayo mimi naiona ni kuwalipa wa kwanza kwa pesa za wanaofuata, na hilo si jengo tena, ni mchezo wa karata.

Nikapiga na ile hesabu ya Fahari, ya kutaka asilimia 10. Kwa hali ya leo ya milango 22, hisa moja inastahili kama shilingi 24. Ikijaa yote, kama 35. Hamsini haiko popote hapo. Na hatujasema lolote kuhusu kile alichokuwa nacho mwenye kipande cha Fahari hata siku zilipokuwa mbaya: hesabu zilizokaguliwa na kuchapishwa kila mwaka, mdhamini anayeshika hati, na soko ambamo angeweza kuuza siku yoyote, hata kama ni kwa 6. Hisa za jamaa yule utamwuzia nani?

Niliyaandika yote kwenye karatasi ya mazoezi nikawasomea akina mama katika mkutano wao. Hawakupiga makofi. Mama mmoja alikasirika waziwazi. Alisema watoto wa siku hizi wanajua kukataa tu, kwamba ploti zote za Umoja zilinunuliwa na watu waliothubutu, na kwamba pesa zikikaa benki zinaliwa na bei za vitu. Siwezi kumlaumu, kwa sababu hilo la mwisho ni kweli. Mweka hazina, ambaye ni mpole, akauliza swali zuri kuliko yote yaliyoulizwa siku hiyo: kama hisa inastahili 24, je, tukimpa 24 atakubali?

Wakaamua kumwomba vitu vitatu kwa maandishi: nakala ya hati ya ardhi ili wakaitafute katika ofisi ya ardhi, orodha ya wapangaji pamoja na mikataba yao, na jina la mdhamini atakayeshika pesa. Pia wakamwandikia kwamba bei yao ni shilingi 24. Barua niliiandika mimi, kwa Kiswahili sanifu, shangazi akaipeleka mwenyewe. Hiyo ilikuwa muhula wa pili. Jamaa alisema atarudi na majibu baada ya wiki mbili, na hadi gazeti hili linapokwenda kuchapishwa akina mama bado wanaketi kila Jumapili saa tisa, laki mbili na themanini zikiwa benki, na ile milango kumi ya nyuma, nilipopita juzi, bado ina kufuli.